Wagombane Wao, Mimi Nimeshakula

Pita Tabata, pita Kimara, shuka mpaka Mbagala, usome kuta. Katikati ya matangazo ya waganga na namba za mafundi wa kuchimba visima utakuta maandishi mekundu, herufi zimepinda: NYUMBA HII HAIUZWI. Wengine huongeza chini yake: OGOPA MATAPELI. Mgeni wa Dar es Salaam anaweza kudhani ni majivuno. Majivuno gani! Mwenye nyumba anajua kuna mtu, pengine ndugu yake wa tumbo moja, anayepitisha wateja mchana wakati yeye yuko kazini. Basi kanunua kopo la rangi.

Mh! Na anayeandika hivyo ana nyumba, ukuta unaonekana. Mwenye kiwanja kitupu ataandika wapi? Kwenye nyasi?

Hapa kijiweni habari ya kiwanja kuuzwa mara mbili haikauki. Kila ikiletwa, msonyo wa kwanza unamwendea aliyeliwa. "Tamaa hiyo! Kiwanja cha milioni 12 unapewa kwa 7, hata hujiulizi?" Mwingine anadakia, "Mjini shule, kaka." Tunacheka, kashata inazunguka, muuza kahawa anatikisa vikombe. Mimi kicheko hiki kimenichosha. Aliyeuza mara mbili hatumsonyi. Tunamwita mjanja, na Ijumaa tunampisha mkekani.

Tuangalie kazi yake basi. Huko pembezoni, Chanika, Kivule, Msongola, ardhi nyingi haijapimwa, tunauziana kwa hatua. Ishirini kwa ishirini. Anayehesabu hatua ni muuzaji mwenyewe, na hata awe mrefu kama mnazi, siku hiyo miguu yake inakuwa ya mtoto. Mpaka ni mchongoma, mwembe, na "lile pagala pale". Mnunuzi wa kwanza yuko Mwanza, au Muscat anafanya kazi za ndani, hela anatuma, dada yake anasimamia. Wanaandikishana ofisi ya serikali ya mtaa: mashahidi huku, mashahidi kule, picha za pasipoti, muhuri paa! Inatoka na ile asilimia 10 ya ofisi, ambayo ukiuliza imeandikwa katika sheria gani unaonekana mkorofi. Kila mtu anaondoka ameridhika.

Halafu hakuna anayejenga. Nyasi zinapanda. Muuzaji anapita hapo kila siku akienda dukani, anaziona. Mwaka wa tatu anapata shida, au anapata wazo. Anakuja dalali mwingine, mnunuzi mwingine, ofisi ileile. Uchaguzi wa serikali za mitaa umefanyika 2019, umefanyika tena 2024. Mwenyekiti wa leo hakuwepo juzi, na daftari la juzi nani analijua lilipo? Na hata lingekuwepo, lingesaidia nini? Ule muhuri unashuhudia kwamba watu wawili walikaa kwenye benchi wakapeana hela. Kiwanja chenyewe hakikuitwa kikaoni.

Nimeshuhudia fundi mmoja akilipwa na pande zote mbili. Mara ya kwanza aliitwa kusimika nguzo nne za zege kwenye pembe. Mara ya pili akaitwa na mwenyeji mpya kuzing'oa, achimbe msingi. Aliziona, akazitambua, maana zege lilikuwa na alama ya mwiko wake. Tukamuuliza, mbona hukusema? Akajibu, "Mzee, mimi nalipwa kwa siku." Akazing'oa. Tofali zikashushwa, nondo zikasukwa. Dada wa mnunuzi wa kwanza akaja mbio na mgambo, mnunuzi wa pili akaja na shemeji zake, ukawa ugomvi wa kuitiana mapanga. Muuzaji je? Alikuwa barazani kwake, redio begani. Ndipo niliposikia kwa masikio yangu: "Wagombane wao."

Hesabu yake yote imo humo. Anauza mara mbili kwa sababu anajua waliouziwa watashikana mashati wao kwa wao. Wakienda polisi, mara nyingi wanaambiwa hili ni la madai, nendeni barazani, ingawa kujipatia fedha kwa udanganyifu kumo kwenye Kanuni ya Adhabu. Wakienda baraza la kata, tangu mabadiliko ya 2021 lenyewe linasuluhisha tu, halitoi hukumu. Zikipita siku 30 bila suluhu, safari ya Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya: tarehe, tarehe, mwenyekiti ana udhuru, tarehe. Na wa kwanza anamshitaki wa pili peke yake! Muuzaji anaachwa, eti atakuja kuwa shahidi. Ebo! Tangu 1983 kuna uamuzi wa Mahakama Kuu kwamba anayedai ardhi iliyouzwa kwa mwingine amuunganishe mnunuzi na muuzaji kwenye kesi moja, la sivyo shauri linaharibika. Watu wanaendesha miaka minne, halafu wanaambiwa wakaanze upya.

Nani anashinda? Kwa eneo lisilo na hati, kwa kawaida wa kwanza, maana aliyekwisha kuuza hana tena cha kuuza. Wa pili kanunua hewa na kuijengea msingi. Lakini kwenye kiwanja chenye hati mambo yanaweza kugeuka, na hapa wengi hawaamini mpaka yawakute. Mauziano yasiposajiliwa kwa Msajili wa Hati, umiliki haujahama. Wewe una mkataba wa wakili, umeukunja chini ya godoro. Mwenzio kanunua baadaye kwa nia njema, kaenda kusajili, jina lake ndilo limo kwenye daftari. Utamwambia nini? Upekuzi kwa Msajili kabla ya kutoa hela ungemwonyesha mtu jina la mwenye hati na kama benki imeishikilia. Na ukishalipa, unaruhusiwa kuweka zuio wakati uhamisho unashughulikiwa. Tunaogopa foleni ya ofisini kuliko kupoteza milioni 12.

Wale wa nguzo nne, mwisho wake, walikalishwa na mama mmoja anayeuza chapati hapa jirani. Aliwauliza swali moja tu: kati yenu nani kamtapeli mwenzake? Wakatazamana. Wiki iliyofuata walikwenda pamoja, mikataba miwili mkononi, kumfungulia muuzaji jalada. Ghafla ile redio ikazimwa, wazee wa familia wakaanza kupita huku na kule kuomba yaishe nyumbani, na shamba la urithi likapatikana la kuuza ili mmoja arudishiwe hela yake. Si zote, lakini zaidi ya alizotegemea.

Iliyobaki ni kamisheni ya dalali. Yupo hapa, anakunywa kahawa kikombe cha tatu, na nimemuuliza kama atairudisha. "Mimi nilionyesha kiwanja, mkubwa," anasema. "Na kiwanja si kipo?"