Sebule Huvurugwa Saa Kumi

Wanaomsema jirani yangu wa Sinza wana wivu tu. Mama wa watu kaamua kutuonyesha maisha halisi, yasiyopambwa, na uhalisia jamani una gharama zake: taa ya duara, kipaza sauti cha kubana kwenye khanga, na dada wa kazi wa kuivuruga sebule kila saa kumi, maana asubuhi hujisahau akaifagia.

Juzi mtoto kamwaga uji kwa bahati mbaya. Akamwaga tena, bahati mbaya ile ile. Mara ya nne ndiyo ikatoka vizuri. Marehemu King Majuto ilibidi aigize ndipo tucheke. Mwenzetu huyu anaishi tu. Na kama jinzi iliyochanika huuzwa ghali kuliko nzima, uji uliomwagika una kosa gani?

Mwaka 2022 TikTok walituongezea muda hadi dakika 10. Hazikutosha, maskini. Ugali unapoa ukingoja mwanga.

Mumewe naye keshazoea. Akitoka kazini hupiga hodi kwake mwenyewe, akaambiwa arudi nje, aingie tena, safari hii kama mtu aliyechoka.