Sita bora wa misitu ya angani, tukianzia mkiani

Kipimo changu ni kimoja. Kata miti yote ya sayari ya viumbe hawa wa hadithi, kisha tazama wamebaki nini. Wakibaki walivyokuwa, basi msitu wao ulikuwa pazia la jukwaani tu. Atakayenuna kwa nafasi niliyompa kipenzi chake anune, ila afike namba moja kwanza.

Namba 6: Wookiee wa Kashyyyk

Nawapenda, na bado wameshika mkia. Chewbacca, Wookiee maarufu wa filamu, alichezwa na Peter Mayhew, Mwingereza wa mita 2.21 aliyekuwa mfanyakazi wa hospitali London, na ngurumo zake zilitengenezwa na Ben Burtt kwa kuchanganya sauti za wanyama, dubu akiongoza kwaya. Nyumba yao ya juu ya mti tulionyeshwa mara ya kwanza kwenye kipindi cha televisheni cha 1978, ambamo familia nzima inanguruma kwa dakika nyingi bila neno hata moja la tafsiri. Ukiwagongea kuomba chumvi, jibu utalipata, ila kama ni ndiyo au hapana utajua mwenyewe. Chewbacca amezunguka anga zima akiwa yuleyule. Msitu kwake ni anwani.

Namba 5: Paka-miti wa Sphinx

Hawa ni wa David Weber, katika riwaya zilizoanza na On Basilisk Station mwaka 1993. Wana miguu sita na huzungumza kwa mawazo. Walijificha vizuri walowezi wasijue kwamba wana akili, mpaka tumbo lilipowauza: msichana Stephanie Harrington alimfuma mmoja wao usiku akiiba selari kwenye banda la mboga. Siri ya taifa zima ikavuja kwa sababu ya mchicha wa wazungu! Lakini Nimitz, maarufu kuliko wote, anaishi begani kwa nahodha ndani ya manowari ya angani, na afya yake ni njema. Tano inamtosha.

Namba 4: Ewok wa Endor

Wengi huwacheka, eti vidubu vya kuchezea vilivyovishwa kofia. Mimi siwacheki. Irudie Return of the Jedi ya 1983 na ukodolee macho sekunde chache tu: mtambo wa chuma unapita kwa miguu yake miwili, magogo mawili yaliyoninginizwa kwa kamba yanaachiwa kushoto na kulia, na kichwa cha mtambo kinapasuka kama yai. Wembamba wa reli, treni hupita. Jeshi lenye silaha za kulipua sayari limeshindwa na gogo, kamba na jiwe, yaani limeshindwa na msitu wenyewe. George Lucas alikuwa amewawazia Wookiee vita hivyo, kisha akawapa wafupi. Alifanya vyema.

Msomaji wa Kenya atembee kifua mbele hapa. Katika filamu hiyohiyo, rubani msaidizi Nien Nunb anazungumza Kikikuyu kwa sauti ya Kipsang Rotich, aliyekuwa mwanafunzi kutoka Kenya. Ulimwengu ulidhani ni lugha ya angani, na Murang'a wakajua ni ya nyumbani.

Namba 3: Na'vi wa Pandora

Ndiyo, hawakuingia mbili bora. Tulia. Katika Avatar ya 2009 James Cameron aliwapa kimo cha mita 3, na Paul Frommer, mwanaisimu wa California, akawatungia lugha. Jina lao maana yake ni watu, kama mzizi wetu wa -ntu ulivyozaa neno Bantu. Sisi tukitaka wakati ujao husema a-ta-winda, alama ya wakati ikitangulia mzizi. Wao huupasua mzizi na kuichomeka ndani: taron ni kuwinda, tayaron ni kuwinda kutakakokuja. Kwa kuwa kila mkono una vidole vinne, huhesabu kwa nane nane, kwa hiyo ukimkopa Mna'vi kubalianeni mapema kumi ni ngapi.

Kilichowaangusha ni filamu ya pili, ya 2022. Familia ya Jake Sully, mhusika mkuu, inahamia pwani, na baada ya taabu kidogo inazoea maji. Karibuni pwani, lakini nafasi ya pili imewapita.

Namba 2: Pequenino wa Lusitania

Orson Scott Card aliwaumba katika Speaker for the Dead, 1986. Kwao mti ni baba, na si kwa mafumbo: aliyetenda jambo kubwa hupasuliwa akiwa hai, na mwilini mwake huchipua mti wenye akili zake zote. Wakihitaji mbao hawashiki shoka. Huuimbia mti na kuupigia vijiti kwenye gome, nao unajigawa wenyewe kuwa vifaa walivyoomba. Seremala, msumeno wako uza. Wanadamu waliiona maiti ya mwenzao Pipo wakadhani ameuawa kikatili, kumbe wenyeji walikuwa wamempa heshima ya juu kabisa waliyonayo. Zawadi nyingine jamani zikataliwe kwa barua.

Namba 1: Waathshe

Ursula K. Le Guin, The Word for World Is Forest, 1972, mshindi wa tuzo ya Hugo mwaka uliofuata. Urefu wao ni kama mita moja, manyoya yao ni ya kijani, na katika lugha yao dunia na msitu ni neno moja. Wakigombana hushindana kuimba badala ya kupigana. Muyaka, malenga wa Mombasa, angepewa uraia siku hiyohiyo.

Kisha wanakuja watu wa Dunia yetu, ambako mbao zimekuwa adimu, wanafyeka na kuwatumikisha. Mmoja wao, Kapteni Davidson, anamuua mke wa Mwathshe aitwaye Selver. Selver anawafundisha wenzake kitu ambacho hawakuwa nacho, kuua wanadamu. Wanashinda, na wanadamu wanaondoka. Lakini somo lile Selver hawezi kulirudisha lilikotoka, naye anajua. Hapo utani wangu unakoma.

Kitabu hakifiki kurasa 200. Kikikufikia mkononi, kisome kwa mkupuo mmoja.