Kirusi Kisichoambukiza

Kiswahili kimeliponza faili moja lisilo na hatia. Neno kirusi ni lugha ya Moscow, na ni kile kidudu kinacholeta mafua na kuangusha kompyuta. Tofauti yao ni herufi kubwa tu, na herufi kubwa haisikiki mtu anapozungumza. Fundi akifungua folda ya System32 kwenye kompyuta ya mteja, akakuta humo mfc140rus.dll, akatamka bila kufikiri kwamba "hili ni la Kirusi", mteja hangoji maelezo. Anataka lifutwe, tena mbele ya macho yake.

Lifutwe kwa kosa gani? Halikuingia kwa kuruka ukuta. Limeletwa na Microsoft yenyewe, ndani ya kifurushi cha Visual C++ ambacho programu chungu nzima za Windows hukitegemea. Kifurushi hicho hakimuulizi mwenye kompyuta anasema lugha gani. Hushusha mafaili kumi ya lugha kwa mkupuo mmoja: Kichina cha aina mbili, Kijerumani, Kiingereza, Kihispania, Kifaransa, Kiitaliano, Kijapani, Kikorea na Kirusi. Ndiyo maana kompyuta ya duka la vipuri Tabora huwa na msemaji wa Kirusi aliye zamu usiku na mchana, bila mshahara wala chai ya saa nne, akimsubiri Mrusi ambaye huenda asije kamwe.

Mtumishi wa namna hii hajatungiwa hata ubeti mmoja wa sifa. Ni aibu, maana fadhila zake ni nyingi.

Ya kwanza ni kwamba hafanyi kitu. Faili la DLL kwa kawaida ni ghala la msimbo, yaani maagizo ambayo programu nyingi huyaazima. Hili halina msimbo. Limebeba maneno tu: menyu, vidirisha, vitufe na sentensi za kumwambia mtu kwamba mambo yameharibika. Watengenezaji wa mafaili kama haya huyaunga kwa amri ya /NOENTRY, kumaanisha kwamba hayana mlango ambao kichakataji kingepitia kuanza kuyatekeleza. Programu huyafungua kama mtu anavyofungua kamusi, husoma neno inalolitaka na kuondoka. Duniani wamejaa wenye ulimi mrefu na mikono mifupi, na watu wamewachoka. Lakini mbele ya faili hili ulimi usio na mikono ndiyo sifa kuu. Haliwezi kuiba nenosiri, haliwezi kufuta picha za harusi, haliwezi hata kujifungua lenyewe. Ukubwa wake haufiki kilobaiti 100. Picha moja ya simu inalimeza mara nyingi.

Lina adabu pia. Faili kama hili huanza na herufi MZ, ambazo ni za mwanzo za jina la Mark Zbikowski, mhandisi wa Microsoft wa enzi za DOS, na baada yake kwa kawaida hufuata sentensi ya Kiingereza inayosema kwamba programu hii haiwezi kuendeshwa ndani ya DOS. Balozi wa Kirusi, basi, hupiga hodi kwa Kiingereza. Akishakaribishwa ndani ndipo anafungua kinywa chake halisi.

Kuhusu majina, lina mengi kama mtoto wa pwani, ambaye ana jina la cheti, la chuoni, la mtaani na lile aitwalo na bibi yake. Kwenye mafaili ya ukoo wa mfc140rus.dll ni rus. Ndani ya Microsoft Office ni folda yenye namba 1049, ambamo Word ya Kirusi huweka ulimi wake katika faili liitwalo WWINTL.DLL. Kwenye programu za .NET ni folda fupi ya ru. Kuanzia Windows Vista, mfumo wenyewe huhifadhi maneno yake katika folda ya ru-RU, kwenye mafaili yanayoishia na .mui. Ile 1049 ikiandikwa kwa hesabu ya kumi na sita wanayoipenda watengeneza programu inakuwa 0419. Namba hiyo msomaji aiweke mfukoni, ataihitaji baadaye.

Mtu anayeliona faili hili leo limetulia hivi hawezi kujua ukoo wake umetoka kwenye vurugu gani. Warusi wa miaka ya 1990 walikuwa na zaidi ya njia tatu za kuandika alfabeti yao kwenye kompyuta: ukurasa wa 866 kwa DOS, 1251 kwa Windows, KOI8-R kwa Unix na barua pepe, na ISO 8859-5, ambayo ilikuwa na muhuri wa kimataifa na wateja wachache. Ujumbe ulioandikwa kwa njia moja ukisomwa kwa nyingine ulitoka takataka tupu, na takataka hizo zilikuwa za kawaida kiasi cha kupewa jina lake, krakozyabry, neno ambalo hata asiyejua Kirusi anaona linavyofanana na kitu chenyewe. Waliobuni KOI8 waliijua dunia. Walizipanga herufi ili mtambo wa zamani ukiikata biti ya nane, maneno yabaki yanasomeka kwa herufi za Kilatini: salamu ya "Privet" inafika imebadilika kuwa pRIWET, imechanika nguo lakini hai. Leo maneno ndani ya rasilimali za Windows huhifadhiwa kwa Unicode, na krakozyabry zimebaki hadithi za wazee.

Kisha kuna rusifikator. Hilo ndilo jina la kiraka kinachoifanya programu ya kigeni iseme Kirusi, na kwa miaka mingi kilitengenezwa na yeyote mwenye usiku mrefu na kamusi. Sokoni Gorbushka, Moscow, diski za wizi ziliuzwa zikiwa tayari zimefasiriwa. Kukitengeneza kiraka, mtu alihitaji kifaa kama Resource Hacker, kazi ya Angus Johnson, akaifungua programu, akaona sentensi zake zimepangwa kama nguo kabatini, akabadilisha moja moja bila kugusa msimbo. Kwa kuwa wengi waliiachia mashine kazi ya kufasiri, matunda yake yalikuwa ya ajabu. Mzaha mmoja uliovuma unahusu viendeshi vya kipanya: mashine ililiona neno la Kiingereza linaloweza kumaanisha anayeswaga mifugo, ikaandika gurtovshchiki myshi, yaani wachungaji wa panya. Kwenye mchezo wa GTA: San Andreas wa 2004, mchezaji akiuawa skrini humtangazia kwa Kiingereza cha mtaani kwamba amemalizwa, toleo la wizi la Kirusi likamwambia "potracheno", neno la kwenye hesabu za duka, kama vile marehemu ni shilingi mia tano zilizotumika. Wachezaji walilipenda kosa hilo kiasi kwamba mpaka leo hulibandika kwenye video ya mtu yeyote aliyeteleza na kuanguka.

Baada ya kuwaona wachungaji wa panya, mtu anaanza kuheshimu faili lililofasiriwa na anayejua kazi yake. Kazi hiyo si nyepesi. Kile ambacho Kiingereza hukiita kwa herufi 12, kuhakiki ukurasa kabla ya kuchapa, Kirusi hukiita predvaritelny prosmotr, na kwa herufi zao wenyewe ni 23. Kitufe kilichochorwa Marekani hakina nafasi hiyo, kwa hiyo mfasiri hupanua kidirisha au hukata neno. Hata alama za Word hubadilishwa: penye B ya maandishi mazito pana Ж, penye I ya mlazo pana К, na penye U ya mstari wa chini pana Ч.

Na hesabu! Mwingereza ana umoja na wingi, na mtengeneza programu mvivu hubandika "s" kwenye mabano akaenda kulala. Mrusi husema 1 fail, 2 faila, 5 failov, 11 failov, kisha akifika 21 anarudi kwenye fail kama mwanzo. Hapo mabano hayasaidii kitu. Mwenye Kiswahili analielewa teso hili kwa namna yake, kwa sababu sentensi moja ya "zimefutwa" haiwatoshi wote: mafaili yamefutwa, picha zimefutwa, vitabu vimefutwa, na watumiaji, Mungu aepushe, wamefutwa. Kila mara programu ya Kiingereza ilipolazimishwa kujifunza kuhesabu Kirusi, njia ilisafishwa kidogo kwa ngeli zinazokuja nyuma.

Ulimi usio na mikono, hata hivyo, umewahi kutoa ushahidi. Juni 2016 mtu aliyejiita Guccifer 2.0, akidai ni mdukuzi wa Romania anayefanya kazi peke yake, alitoa nyaraka za chama cha Democratic cha Marekani. Katika nakala mojawapo, viungo vya intaneti vilivyovunjika vilikuwa vimeacha ujumbe wa kosa, na ujumbe huo ulikuwa wa Kirusi. Hakuna aliyeuandika. Ni Word iliyokuwa imeulizwa jambo, ikaenda kwenye rasilimali zake za lugha, ikajibu kama ilivyofundishwa. Jina la mtumiaji kwenye waraka lilikuwa Feliks Edmundovich kwa herufi za Kikirili, ambalo ni jina la Dzerzhinsky, mwanzilishi wa polisi wa siri wa Wabolsheviki, na jina kama hilo mtu anaweza kuliandika kwa makusudi ili kucheka au kupoteza watu njia. Ujumbe wa kosa hauna makusudi wala ucheshi. Julai 2018 waendesha mashtaka wa Marekani waliwashtaki maofisa 12 wa GRU, ujasusi wa kijeshi wa Urusi, wakisema wao ndio waliokuwa nyuma ya jina la Guccifer 2.0. Urusi ilikana. Ushahidi ulikuwa mwingi kuliko sentensi moja, na lugha ya kompyuta ni kitu rahisi kughushi, lakini kati ya mashahidi wote huyu ndiye pekee aliyesema bila kuulizwa na mtu.

Sasa ile namba ya mfukoni. Mei 2021 genge la wadukuzi la DarkSide lilifunga kompyuta za Colonial Pipeline, kampuni yenye bomba linalopeleka mafuta mashariki ya Marekani. Bomba likasimama, watu wakapanga foleni vituoni, na kampuni ikalipa bitcoin 75 hivi kama kikombozi. Waliochambua programu hasidi ya genge hilo walikuta kwamba kabla ya kufanya uharibifu huuliza kwanza kompyuta imewekwa lugha gani. Ikikuta 0419, au namba za baadhi ya lugha nyingine za nchi zilizokuwa za Kisovieti, hufunga virago bila kugusa kitu. Si huruma. Wahalifu wa upande ule hawataki kesi za nyumbani. Conficker, mnyoo wa mwaka 2008, ulikuwa na tabia ya jamaa hiyo katika toleo lake la kwanza: ulipokuta kibodi ya Kiukraini ulijiondokea. Mwandishi wa habari za usalama Brian Krebs alishauri mwezi ule ule wa Mei 2021 kwamba mwenye Windows aongeze kibodi ya Kirusi hata kama hataigusa maishani, huku akikiri kwamba hirizi hiyo haizuii kila kitu.

Mkosoaji atasema kinachokaguliwa ni mipangilio ya lugha na kibodi, si faili la mfc140rus.dll, na kwamba duka la Tabora halijapata kinga yoyote kwa kuwa nalo. Ni kweli tupu. Ila sifa haijawahi kugawanywa kwa haki katika ukoo wowote. Kaka akifaulu mtihani, nyumba nzima hupigiwa vigelegele. Namba ni ile ile. Na mteja aliyetaka faili lifutwe kwa kuhofia kirusi anapaswa kuelezwa, taratibu, akiwa amekaa, kwamba wapo virusi wanaokimbia wakisikia Kirusi.

Akishasikia hayo na bado akasisitiza, fundi anaweza kulifuta. Kwake hakuna kitakachobadilika, programu zitaendelea kusema Kiingereza, na kifurushi cha Visual C++ kikirekebishwa au kikisakinishwa upya faili litarudi mahali pake bila kinyongo. Mahali penyewe si pa kutafuta: folda ikipangwa kwa alfabeti, linakaa baada ya mfc140kor.dll na kabla ya mfc140u.dll. Kiswahili nacho kina namba yake ndani ya Windows, 1089, na kina kifupi chake cha herufi tatu, SWK. Kiliwahi kupewa sura yake kwenye Windows XP, na mwaka 2004 Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kilikuwa kimeshatoa Jambo OpenOffice. Katika yale mafaili kumi hakimo. Kingekuwemo, faili lake lingeitwa mfc140swk.dll, na jirani yake wa juu, anayegusana naye ukuta kwa ukuta, angekuwa huyu Mrusi.