Wafu Wacheze, Mengine Jaza

John Clifford wa Lawrence, Kansas, alikuwa ameajiriwa kuandika filamu za mafunzo, zile za kuwaasa wanafunzi na wafanyakazi. Siku moja mwenzake kazini, Herk Harvey, akaliona jumba chakavu la Saltair kando ya ziwa la chumvi kule Utah, akamwagiza aandike filamu: mwishoni wafu wacheze dansi humo, mengine jaza mwenyewe. Akajaza. Ikatoka Carnival of Souls, 1962, na wakubwa hawakugeuza hata shingo. Iliporudishwa kwenye majumba ya sinema mwaka 1989, ghafla ikawa sanaa. Sifa kapewa Harvey, mwongozaji aliyejipaka weupe usoni akacheza mzuka. Haki yake. Clifford yeye alifanya kakazi kadogo tu: kila kitu kabla ya dansi.