Sifa za Katuni Isiyo na Kichwa wala Miguu

Wazee wetu wa Burundi walijua kumsifu ng'ombe, na hawakukosea: ana maziwa, anatolewa mahari, ana pembe za kupendeza. Mimi hapa mtaani Ngagara nimejitwika kazi ngumu zaidi. Nasifu kitu kisichokamulika: katuni ya Kijapani isiyo na kichwa wala miguu, iliyochorwa na shabiki usiku wa manane, ambayo kijana wa nyumbani anamaliza mega zote za simu kuitafuta, kisha anacheka peke yake mpaka majirani wanagonga ukuta.

Tuanze na ufundi wake, maana haiharibu ovyo. Katuni ya Kijapani ya visanduku vinne ina sheria: cha kwanza kinafungua, cha pili kinaendeleza, cha tatu kinageuza, cha nne kinafunga. Hii yetu inatii mpaka kisanduku cha tatu, halafu cha nne kinajiendea zake. Chukua Pop Team Epic ya Bkub Okawa, iliyoanza 2014: wasichana wawili wa shule, Popuko mfupi mwenye hasira za karibu na Pipimi mrefu aliyetulia. Mtu anasema neno moja, Popuko anamwonyesha kidole cha matusi, hadithi imekwisha. Okawa alikuwa akichora vijitabu vya mashabiki wa michezo ya kompyuta ya Touhou, vya aina inayouzwa Comiket, soko lililoanzia Tokyo 1975, ambako mchoraji hukaa nyuma ya meza na kuuza alichokichapisha mwenyewe. Pop Team Epic ilipoingia kwenye televisheni 2018, kila kipindi kilirushwa mara mbili mfululizo katika nusu saa ileile: kwanza kwa sauti za wanawake, kisha upya kwa sauti za wanaume. Nani mwingine angethubutu kumuuzia mteja mkate uleule mara mbili na kushukuriwa?

Watasema haifundishi. Hiyo ndiyo sifa yake kuu! Sisi tumefundishwa vya kutosha. Tangu utoto, mchoro ukitufikia umebeba ujumbe: nawa mikono, lala ndani ya chandarua, peleka mtoto kwenye chanjo. Hata mchezo wa redio wa Studio Ijambo, Umubanyi Niwe Muryango, ulioanza 1997 vita vya kwetu vikiendelea, ulikuwa na kazi ya kutupatanisha na jirani, na kazi hiyo ilikuwa halali kabisa. Mitaa yetu iliihitaji. Lakini mtu aliyelelewa na mabango anastahili kisanduku kimoja kisichomdai kitu.

Wala upuuzi huu si mgeni kwetu. Sufuria aliyoazima Abunuwasi wa hadithi ilizaa, kisha ikafa, na mwenye sufuria alikubali uzazi kabla ya kukataa msiba. Kule Kinshasa, mwaka 1990, mchoraji Mfumu'eto alichora chatu anayemmeza mwanamke, akaandika kwa Kilingala, akachapisha kwenye karatasi duni na kuuza mitaani. Wapo waliomwona Rais Mobutu ndani ya yule chatu. Hao nawaonea huruma: walikuwa wamekaa raha mustarehe, mara maana ikawavamia.

Kwa hiyo, mama, na wewe baba wa Kartie 6 hapa Ngagara, ukimkuta mwanao saa saba za usiku amevunjika mbavu mbele ya simu, mnyang'anye ukitaka, mega ni pesa. Ila usimwambie akueleze kinachochekesha. Hataweza, na akiweza, basi katuni hiyo ilikuwa mbovu.