Dole Gumba kwa Baba Mkubwa

Kwetu Kitahana, wilayani Kibondo, ukitumwa chumvi dukani asubuhi, na salamu uzihesabu kwenye muda wa safari. Ukikutana na mtu unasimama, unainama kidogo, unapiga makofi ya polepole, "Mwakeye", kisha mnaulizana watoto, mbuzi, maharage, mvua, na mama mkwe wa mtu ambaye wewe humjui kabisa. Nyumbani mboga inasubiri chumvi.

Nilipohamia Dar es Salaam nikapanda na tabia hiyo kwenye mwendokasi wa Kimara. Nikamtabasamia mzee aliyekaa mbele yangu: "Shikamoo, za nyumbani?" Kwanza alipapasa mfuko wa simu. Kisha akauhamisha mkoba kutoka begani hadi kifuani. Nikazidisha tabasamu ili atulie. Akashuka Magomeni, na naapa hakuwa anashukia Magomeni.

Nilimsimulia rafiki yangu, Mkongo aliyekulia Nyarugusu, ile kambi ya wakimbizi iliyofunguliwa Kasulu mwaka 1996. Sasa yuko Marekani. Huko, anasema, watu usiowajua wanakuchekea meno yote na kukuuliza hali, ila hawasimami kusikia jibu. Siku za mwanzo alimfuata bwana mmoja hadi kwenye gari lake ili ammalizie habari za goti la mama.

Lakini aibu yangu mimi ilinikuta WhatsApp, kwenye kundi la ukoo. Baba Mkubwa, tangu apate simu janja, huamka saa kumi na moja alfajiri na kuandika salamu ndefu: shamba la maharage, ng'ombe aliyezaa, daraja lililoondoka na maji. Watu arobaini wanajibu, naye anawarudishia mmoja mmoja, kwa majina. Asubuhi moja, nikiwa nimebanwa kwenye daladala, mkono mmoja bombani, nikambonyezea dole gumba.

Kundi likanyamaza. Baada ya saa nzima shangazi akanipigia.

"Baba yako umemfanyia nini? Anasema amekusalimu, wewe umemwonyesha kidole."

Nikaeleza kwamba dole lile maana yake ni sawa, vizuri.

"Vizuri nini? Daraja kuondoka ni vizuri?"

Sikuwa na jibu.

Desemba nikapanda basi hadi Kibondo na kilo tano za sukari, nikaenda kumsalimia mwenyewe. Niliinama, nikapiga makofi, nikauliza ng'ombe, ndama, maharage. Alijibu kimoja kimoja, akatulia, akinisubiri hadi nilipokumbuka kuuliza daraja. Hapo ndipo uso ulipokunjuka. Akatoa simu, akaishika mbali na macho, akaniomba nimwonyeshe lile dole linakaa wapi.

Kesho yake, saa kumi na moja alfajiri, nikiwa nimelala chumba cha pili, simu yangu ikalia. Madole kumi na mawili, na ukutani nasikia mtu anacheka.