Namna ya Kuutazama Mchoro wa Tenisi Bila Kupigwa na Mpira

Ukifika Madrid, ingia Makumbusho ya Thyssen-Bornemisza, uulizie Kifo cha Hyacinthus, mchoro wa Giambattista Tiepolo wa miaka ya 1752 na 1753. Kimo chake kinakaribia mita 3, kwa hiyo huwezi kuupita hivi hivi. Ukishasimama mbele yake, shika sharti moja: usimtazame mungu. Najua Apollo atakuvuta macho kwa maombolezo yake. Mwache aomboleze. Wewe inama, tazama chini kabisa, pembe ya kulia.

Raketi hiyo. Na mipira.

Usiharakishe kusema mchoraji kakosea. Kweli, kwa Ovid, mshairi wa Roma ya kale, kijana Hyacinthus aliuawa na kisahani cha kurusha. Lakini mwaka 1561 Giovanni Andrea dell'Anguillara alimfasiri Ovid kwa Kiitalia, akakiondoa kisahani na kuwapa wachezaji pallacorda, tenisi ya ndani ya kuta iliyopendwa na mabwana wa Italia. Tiepolo akafuata njia hiyo hiyo.

Hatua inayofuata ni ngumu zaidi: sahau mpira unaoujua. Huu wetu wa raba, wenye hewa tumboni, ni mtoto wa karne ya 19. Wa zamani ulikuwa matambara yaliyoviringwa yakakazwa, yakafungwa kwa uzi, kisha yakashonewa kitambaa juu. Ubonyeze kwa kidole, haubonyei. Sasa panda na macho hadi kwenye shavu la Hyacinthus, uone palivyovilia. Mimi hapo ndipo ninapoacha kuuona mchoro huu kama hadithi ya miungu. Naona ajali ya uwanjani.

Kagua na rangi. Mipira ya njano iliingia kwenye kanuni mwaka 1972 ili watazamaji wa televisheni waione vizuri, na Wimbledon waling'ang'ania nyeupe hadi 1986. Ukiuziwa mchoro wa "karne ya 18" wenye mpira wa njano ya kung'aa, rudisha pesa zako mfukoni.

Usiondoke kabla hujauona wavu, kule nyuma, umelegea. Mchezo umekatika katikati, hakuna aliyeokota raketi.

Haya, sasa mtazame mungu. Ule mpira aliupiga yeye.